Kanda kanda, kufuata ukanda, na kwa kanda: neno moja la mpangilio na maana zake tatu

Mwanafunzi wa shule ya sekondari hukutana na neno hili katika masomo kadhaa. Mwalimu wa jiografia humwambia kuwa uoto wa mlima mrefu umepangika kikanda. Mwalimu wa biolojia husema hivyo hivyo juu ya miti na viumbe wa pwani. Katika kilimo huambiwa kuwa udongo wa dunia umetokea kikanda, na katika hali ya hewa huambiwa kuwa pepo za anga ya juu huvuma kikanda. Kisha, akitoka darasani, hukuta tangazo ukutani kwamba mashindano ya michezo mwaka huu yatafanywa kikanda. Neno ni lile lile, naye hudhani kuwa maana nayo ni ile ile.

Sivyo ilivyo. Mtu apandaye mlima ambao uoto wake umepangika kikanda hukatiza kanda moja baada ya nyingine, na kila akikatiza huona mabadiliko. Upepo uvumao kikanda haukatizi ukanda wo wote, bali huufuata ukanda mmoja kwa urefu wake. Na mashindano yafanywayo kikanda hayana uhusiano na uoto wala upepo. Yamegawanywa kwa mipaka iliyochorwa na watu katika ramani. Mwanafunzi asiyeziona tofauti hizi ataandika majibu yasiyofaa katika mtihani, na hilo ni dogo. Kubwa zaidi ni kwamba atakapokuwa bwana shamba, au mhifadhi wa misitu, anaweza kupanda mti mahali usipoweza kuishi.

Makala hii inakusudia kueleza maana tatu za neno hili, kutoa mfano wa kila moja, na mwishoni kupendekeza namna ya kuzitenganisha kwa Kiswahili fasaha.

1. Mkanda wa kiunoni

Wayunani wa kale waliigawa dunia katika sehemu tano: sehemu ya joto kali katikati, sehemu mbili za wastani, moja kaskazini na moja kusini, na sehemu mbili za baridi kali kwenye ncha. Sehemu hizo waliziita kwa neno lile lile walilotumia kwa mkanda wa kufunga kiunoni, na lugha nyingi za Ulaya zimelirithi neno hilo hadi leo. Kiswahili nacho kimechukua njia hiyo hiyo: mkanda hufungwa kiunoni, na ukanda huizunguka dunia. Mfano wao na wetu ni mmoja.

Leo tunajua mipaka ya mikanda hiyo mitano kwa hesabu. Ukanda wa joto umo kati ya latitudo za nyuzi 23.5 kaskazini na kusini mwa ikweta, na kanda za baridi kali huanza kwenye nyuzi 66.5. Lakini Aristotle, kwa kufuata mantiki bila kupima, alifundisha kuwa ukanda wa joto haukaliki kwa sababu ya ukali wa jua. Sisi tuusomao ukurasa huu hapa Afrika Mashariki tumo ndani ya ukanda huo. Somo la kwanza basi ni hili: kuchora ukanda ni rahisi, lakini kusema yaliyomo ndani yake kunahitaji kwenda kuyatazama.

Sasa uutazame mkanda wenyewe. Una urefu, ambao huzunguka kiuno, na una upana, ambao ni mdogo. Ukitembeza kidole kwa urefu, kidole kinabaki juu ya mkanda ule ule. Ukikitembeza kwa upana, punde kimetoka nje. Maana mbili za kisayansi za neno letu zimezaliwa na sifa hizi mbili. Maana ya kwanza hutazama upana, yaani kukatiza kanda. Maana ya pili hutazama urefu, yaani kufuata ukanda.

2. Maana ya kwanza: vitu vilivyopangika kanda kanda

Mwaka 1802 mtaalamu wa Kijerumani Alexander von Humboldt, akiwa pamoja na Mfaransa Aimé Bonpland, alipanda mlima Chimborazo katika nchi ambayo leo ni Ekwado. Hawakufika kileleni. Hata hivyo, Humboldt alirudi na jambo kubwa kuliko kilele: aliona kuwa mimea ya mlima hubadilika kwa utaratibu kadiri mtu anavyopanda. Mwaka 1807 alichapisha mchoro mkubwa wa mlima huo uliokatwa kama mkate, na majina ya mimea yameandikwa kila moja katika kimo chake.

Sisi hatuna haja ya kwenda Ekwado. Mlima Kilimanjaro, wenye kimo cha meta 5,895, ni darasa kamili. Tukianza upande wa kusini, chini ni tambarare yenye nyasi na miti iliyotawanyika. Kutoka meta 1,000 hivi hadi karibu 1,800 ni mashamba ya migomba na kahawa, ambayo yamechukua mahali pa uoto wa asili. Hapo huanza msitu mnene wa mlimani, unaofika karibu meta 3,000. Juu ya msitu ni vichaka vyenye majani madogo magumu, na kisha nyasi za mlimani pamoja na senesio na lobelia, mimea mirefu ya ajabu ambayo jamaa zake nyingi katika nchi nyingine ni majani mafupi tu. Kutoka meta 4,000 ni jangwa la mlimani, lenye mimea michache mno, na juu ya meta 5,000 ni mawe, changarawe na barafu. Barafu hiyo imepungua kwa zaidi ya asilimia 80 tangu ilipopimwa mwaka 1912.

Sababu ya mpangilio huu ni nini? Ya kwanza ni joto. Kwa wastani joto la hewa hupungua kwa nyuzi 6 hivi za Sentigredi kwa kila meta 1,000 za kupanda. Tuchukue mahali palipo meta 800 juu ya usawa wa bahari penye wastani wa nyuzi 24. Mtu akipanda hadi meta 3,800 amepanda meta 3,000, kwa hiyo joto limepungua kwa nyuzi 18, limebaki nyuzi 6. Akifika meta 5,800 amepanda meta 5,000. Joto limepungua kwa nyuzi 30, na wastani ni nyuzi 6 chini ya sifuri. Hesabu hii peke yake yatosha kueleza kwa nini mgomba haupandi mlima.

Lakini joto si sababu pekee. Mvua haipungui kwa mfululizo kama joto. Huongezeka kutoka tambarare hadi ndani ya ukanda wa msitu, kisha hupungua tena kuelekea kileleni. Ndiyo maana jangwa la juu ni kavu, ijapokuwa liko karibu na barafu. Tena upande wa kusini hupata mvua nyingi kuliko upande wa kaskazini, na kwa hiyo mipaka ya kanda haiko kwenye kimo kimoja kuuzunguka mlima wote. Mwalimu amwonye mwanafunzi asiikariri mipaka kama amri. Mtaalamu wa mimea kutoka Uswidi, Olov Hedberg, aliyechapisha uchunguzi wake juu ya milima ya Afrika Mashariki mwaka 1951, alitambua kanda kuu tatu tu juu ya nyanda: ya msitu, ya vichaka, na ya juu kabisa yenye senesio na lobelia. Mwingine aweza kuhesabu tano au sita. Milima haibishani juu ya hesabu. Ni sisi tunaochagua tutazame kwa undani kiasi gani.

3. Mikoko, na hatari ya kukosea ukanda

Tushuke sasa kutoka mlimani hadi pwani. Huko kanda hazipimwi kwa maelfu ya meta. Meta 3 au 4 za kimo, yaani tofauti kati ya maji kujaa na maji kupwa wakati wa bamvua, zatosha kutenga kanda kadhaa.

Msitu wa mikoko kwa mbali huonekana kuwa ni kitu kimoja cha kijani. Watu wa pwani hawaoni hivyo, na majina yao ni ushahidi. Upande wa bahari husimama mlilana, mti unaostahimili kuzama kwa muda mrefu kuliko wenzake. Nyuma yake ni mkoko wenyewe, ambao jina lake limepewa msitu mzima, wenye mizizi iliyojitega kama miguu ya buibui. Ndani zaidi hupatikana muia na mkandaa. Mwisho, kuelekea nchi kavu, ambako maji hufika wakati wa bamvua tu, ni mchu. Hapo jua hukausha maji na kuacha chumvi, hata udongo ukawa na chumvi kuliko bahari yenyewe. Mchu huishi hapo kwa kuitoa chumvi katika majani. Mwanafunzi ye yote aliye karibu na pwani alilambe jani lake, naye ataipata sayansi kwenye ulimi. (Majina haya hubadilika kidogo baina ya pwani na pwani, mwalimu atumie yale ya mahali pake.)

Hapa nguvu inayopanga si joto wala mvua. Ni muda ambao mizizi hukaa ndani ya maji, pamoja na kiasi cha chumvi. Mahali panapozama mara mbili kila siku na mahali panapozama siku chache kwa mwezi ni nchi mbili tofauti kwa mti, hata kama kati yake ni mwendo wa dakika tano.

Lakini utaratibu huu una jambo la kuzingatia. Mchu, tuliouona karibu na nchi kavu, mahali pengine huonekana pia mbele kabisa kwenye bahari, huku katikati ukikosekana. Aina moja basi yaweza kukaa katika kanda mbili zisizogusana. Kwa hiyo si sahihi kusema, “Palipo na mchu ni mwisho wa maji.” Mti ni dalili ya ukanda, lakini si ukanda wenyewe.

Kosa katika jambo hili lina gharama. Katika nchi ya Ufilipino, tangu miaka ya 1980, palikuwa na miradi mikubwa ya kurudisha mikoko iliyokatwa. Miche ya mkoko ilikuwa rahisi kupatikana, na mahali palipokuwa wazi pasipo mwenyewe ni matope ya mbele, yaliyo chini ya ukanda wa mkoko. Miche ikapandwa huko. Mara nyingi mingi ilikufa, kwa kuwa ilizama kupita kiasi na kupigwa na mawimbi. Kazi ilikuwa ya haki na nia ilikuwa njema. Waliopanda walijua kuwa mikoko huota baharini. Hawakuzingatia kuwa huota kanda kanda. Sisi wenye mikoko mingi katika delta ya Rufiji na katika ghuba na visiwa vyetu hatuna budi kulichukua somo hilo bila kulilipia tena.

4. Udongo: ukanda na mnyororo

Mwishoni mwa karne ya 19 Mrusi Vasily Dokuchaev alieleza kuwa udongo si mawe yaliyosagika tu, bali ni zao la hali ya hewa, mimea, viumbe, sura ya nchi, mwamba na muda. Nchi yake, iliyo pana na tambarare, ilimsaidia kuliona hilo. Akienda kutoka kaskazini kuelekea kusini alikuta udongo wa nchi za baridi isiyo na miti, kisha udongo uliofifia rangi chini ya misitu, kisha udongo mweusi wenye rutuba chini ya nyasi, na hatimaye udongo wa nchi kavu. Mwanafunzi wake Nikolai Sibirtsev aliugawa udongo wa dunia katika mafungu matatu: ule unaofuata ukanda wa hali ya hewa, ule uliomo ndani ya ukanda lakini umetawaliwa na jambo la mahali pale, kama chumvi au maji yaliyotuama, na ule usio na ukanda, kama tope jipya lililoletwa na mto. Uainishaji wa leo hutumia sifa za udongo wenyewe zinazopimika, lakini wazo la Dokuchaev limebaki kuwa msingi.

Je, wazo hilo latosha kwa nchi yetu? Swali hili lilijibiwa hapa hapa. Geoffrey Milne, mtaalamu wa udongo aliyefanya kazi katika kituo cha utafiti wa kilimo cha Amani, katika milima ya Usambara, alisafiri sana Afrika Mashariki akitengeneza ramani ya udongo. Aliona kuwa katika eneo moja lenye hali ya hewa moja, udongo wa kilimani si ule wa mteremkoni, wala si ule wa bondeni. Zaidi ya hayo, mpangilio ule ule ulijirudia kilima baada ya kilima. Mwaka 1935 aliupa mpangilio huo jina la Kilatini lenye maana ya mnyororo, na jina hilo limeingia katika vitabu vya udongo vya dunia nzima.

Mkulima wa Usukuma hakuhitaji kungojea mwaka huo. Anaujua udongo wa kichanga wa juu, uitwao luseni, ufaao kwa muhogo na karanga. Na anaujua ule mweusi wa mbuga, unaonata wakati wa masika na kupasuka wakati wa kiangazi. Shamba moja laweza kuwa na aina zote mbili, na nyingine katikati.

Tofauti ya ukanda na mnyororo yafaa ikazwe darasani. Katika mpangilio wa kanda kanda, sababu hubadilika kuelekea upande mmoja, na ukishatoka katika ukanda hukutani nao tena katika safari hiyo. Katika mnyororo, sababu hupanda na kushuka pamoja na vilima, na ulichokiacha nyuma utakikuta tena mbele. Kwa hiyo ushauri wa mbolea uliotolewa kwa ukanda mzima waweza kufaa juu ya kilima na kuwa hasara bondeni, katika shamba la mtu yule yule.

5. Maana ya pili: kufuata ukanda

Katika elimu ya hali ya hewa neno letu hugeuka. Huko upepo wa kikanda ni ule unaofuata mstari wa latitudo, yaani unaovuma kutoka mashariki kwenda magharibi au kinyume chake. Unaovuma kutoka kaskazini kwenda kusini, au kinyume, hufuata mstari wa longitudo, na huo huhesabiwa peke yake.

Kwa nini wataalamu wautenge hivyo? Kwa sababu joto la jua hutofautiana kwa latitudo, na mzunguko wa dunia hupindisha hewa inayotoka ukanda mmoja kwenda mwingine, hasa mbali na ikweta. Matokeo yake ni kwamba pepo nyingi kubwa za dunia huishia kuzunguka pamoja na kanda badala ya kuzikatiza. Sayari ya Mshtarii huonyesha jambo hili kwa macho: mistari yake ya rangi nyeupe na kahawia ni mikanda ya mawingu yanayokimbia sambamba na ikweta yake.

Afrika Mashariki ina sehemu katika historia ya elimu hii. Mlima Krakatoa wa Indonesia ulipolipuka mwaka 1883, vumbi lake la anga ya juu lilizunguka dunia karibu na ikweta kwa muda wa majuma mawili hivi, likitoka mashariki kwenda magharibi. Ikaaminika kuwa pepo za juu ya ikweta huvuma hivyo daima. Lakini mwaka 1908 msafara wa Kijerumani ulioongozwa na Arthur Berson ulirusha maputo yenye vyombo vya kupimia kutoka Ziwa Viktoria, ukakuta huko juu pepo zinazotoka magharibi. Ni yupi aliyekosea? Hakuna. Karibu na mwaka 1960 ilifahamika kuwa pepo hizo za kufuata ukanda hugeuza mwelekeo, na mzunguko mzima huchukua wastani wa miezi 28 hivi.

Pepo zetu za pwani zafaa kwa mfano wa kutofautisha. Kaskazi hutoka kaskazini-mashariki, hasa kati ya Desemba na Machi. Kusi hutoka kusini na kusini-mashariki katika miezi ya katikati ya mwaka. Mabaharia walizitegemea kwa kwenda Arabuni na kurudi kwa sababu zinakatiza kanda. Pepo za kufuata ukanda tupu zisingewafikisha. Hata hivyo kila moja ina sehemu mbili ndani yake. Tuchukue kusi inayotoka kusini-mashariki hasa, kwa mwendo wa meta 8 kwa sekunde. Pembe yake na mstari wa latitudo ni nyuzi 45, na kosaini ya nyuzi 45 ni 0.707. Kwa hiyo:

sehemu ya kufuata latitudo = 8 × 0.707 = meta 5.7 kwa sekunde, kuelekea magharibi;
sehemu ya kufuata longitudo = 8 × 0.707 = meta 5.7 kwa sekunde, kuelekea kaskazini.

Mwanafunzi aliyezoea mlima akisoma “upepo wa kikanda” atadhani ni upepo unaobadilika kutoka ukanda hadi ukanda. Atakuwa amegeuza maana kwa nyuzi 90 kamili.

6. Maana ya tatu: kugawanya kwa kanda

Maana ya tatu ni ya utawala na mipango. Tunasema Kanda ya Ziwa, Kanda ya Kaskazini, Kanda ya Nyanda za Juu Kusini. Hizi hazipimwi kwa kipimajoto. Huamuliwa kwa ajili ya kurahisisha kazi, na zaweza kubadilishwa kwa uamuzi mwingine. Sayansi nayo huitumia maana hii. Mtafiti anapoigawa nchi katika sehemu na kuchukua sampuli kutoka kila sehemu, amechukua sampuli kwa kanda.

Hatari ni kudhani kuwa kanda ya utawala ina hali moja ndani yake. Mlima Kilimanjaro huhesabiwa katika Kanda ya Kaskazini, na bado tumeona kuwa mtu aweza kutoka kwenye migomba akafika kwenye barafu bila kuondoka katika kanda hiyo.

7. Mapendekezo ya matumizi

Kiswahili kina njia za kutosha za kuzitenga maana hizi. Tunayopendekeza ni haya:

(a) Kanda kanda. Itumike kwa mpangilio unaoonekana, vitu vikifuatana upande kwa upande. Kurudiarudia neno kwa namna hii ni kawaida ya lugha yetu: kitambaa cha mistari mistari, ngozi ya madoa madoa, watu waliokuja makundi makundi. Mfano: Uoto wa mlima huu umejipanga kanda kanda.

(b) Kwa kufuata ukanda, au kwa usahihi zaidi kwa kufuata latitudo. Itumike kwa mwendo. Mfano: Upepo wa juu huvuma kwa kufuata latitudo.

(c) Kwa kanda. Itumike kwa mgawanyo wa kazi au hesabu. Mfano: Matokeo ya mavuno yameorodheshwa kwa kanda.

(d) Kikanda. Neno hili sasa limezoeleka kwa mambo ya nchi au mikoa iliyo jirani, kama ushirikiano wa kikanda. Tuliachie kazi hiyo, tusiitwishe na nyingine.

Upatanisho nao uangaliwe. Ukanda wa kimaumbile ni ukanda huu, kanda hizi. Kanda ya utawala ni kanda hii, kanda hizi. Katika wingi hazitofautiani, kwa hiyo sentensi yenyewe ibainishe. Na mwalimu asishangae darasa likicheka mara ya kwanza akitamka “kanda kanda”, kwa maana kukanda unga nako kumo katika lugha. Kicheko hicho kitasaidia kukumbuka.

Tusichanganye pia ukanda na tabaka. Tabaka hulala juu ya lingine, kama miamba katika ukuta wa shimo au maji ya moto juu ya maji baridi ziwani. Ukanda wa msitu uko juu kuliko ukanda wa mashamba, lakini haukuulalia. Kila mmoja umekaa juu ya ardhi yake.

Kwa ufupi, kila mtu asemapo kuwa vitu vimepangika kanda kanda, aulizwe maswali matatu: Ni nini kinachobadilika? Kinabadilika kuelekea wapi? Kwa sababu gani? Asiyeweza kuyajibu ametaja neno tu, bado hajaeleza jambo.

Mazoezi

1. Mahali palipo meta 800 juu ya usawa wa bahari pana wastani wa nyuzi 24 za Sentigredi. Ikiwa joto hupungua kwa nyuzi 6 kwa kila meta 1,000, ni katika kimo gani wastani utakuwa sifuri? Linganisha jibu lako na kanda za Kilimanjaro zilizoelezwa hapo juu.

2. Upepo wa meta 10 kwa sekunde unatoka upande ulio nyuzi 30 mashariki mwa kusini. Tafuta sehemu yake ya kufuata latitudo na useme inaelekea wapi.

3. Chagua neno lifaalo: ukanda, tabaka au mnyororo. (i) Udongo wa vilima na mabonde yanayojirudia. (ii) Konokono na chaza kwenye mwamba wa pwani kutoka juu hadi majini. (iii) Mchanga, changarawe na mfinyanzi vilivyochimbuliwa katika kisima.

4. Sahihisha sentensi hii, ukieleza sababu: “Kusi huvuma kikanda, kwa hiyo husafirisha majahazi kutoka kusini kwenda kaskazini.”

5. Kazi ya nje. Chagua mstari mmoja ulionyooka karibu na shule, kutoka kilimani hadi bondeni au kutoka nchi kavu hadi maji yanapokupwa. Kila baada ya hatua 20 andika rangi ya udongo, mimea mitatu iliyo mingi, na unyevu. Chora mkato wa mstari huo kama alivyochora Humboldt. Kisha amua: je, ulichokiona ni kanda, ni mnyororo, au hakina mpangilio wo wote? Jibu la tatu nalo ni jibu la kisayansi, mradi daftari lako linalithibitisha.